Chupa ya Mama Mdogo

"Haina kemikali." Utasikia hivyo kwenye daladala, kwenye magrupu ya WhatsApp, kwa muuza dawa mwenye spika pale stendi. Anamaanisha kwamba miti shamba haiwezi kumdhuru mtu. Tuache kwamba hata maji ni kemikali. Kinachonishangaza ni dharau iliyojificha humo. Kama mzizi una nguvu ya kutibu, iweje ukose nguvu ya kugombana na kidonge?

Chukua balungi, tunda tu. Mwaka 1989 David Bailey na wenzake, huko London ya Kanada, walitoa taarifa ya utafiti wao kuhusu pombe na felodipini, dawa ya presha. Ili washiriki wasijue nani kapewa pombe na nani hakupewa, walikuwa wameificha ladha yake kwa juisi ya balungi. Dawa ikapanda kwenye damu kuliko ilivyotarajiwa, na baadaye ikabainika mkorofi ni juisi yenyewe. Kwenye utumbo na kwenye ini tunavyo vimeng'enya vinavyovunjavunja dawa kabla haijaenea mwilini. Wanaopanga dozi wanalijua hilo, wanalipigia hesabu. Balungi huvizima vile vya utumboni. Bawabu kalala, basi kidonge kilekile, miligramu zilezile, kinaingia kana kwamba umemeza viwili au zaidi. Danzi letu, lile chungu, nalo lina tabia hiyohiyo.

Sasa geuza upande wa pili. Kuna ua la haiperikamu, ambalo Ulaya hulinywa kwa ajili ya sonona. Lenyewe halizimi kitu. Linaliamsha ini litengeneze vimeng'enya vingi zaidi, na dawa inavunjwa upesi kabla haijamaliza kazi. Mwaka 2000 ilichapishwa kwamba watu wenye afya waliolitumia kwa wiki mbili, kiwango cha indinaviri, dawa ya VVU, kilishuka mwilini mwao kwa zaidi ya nusu. Mwaka huohuo madaktari wa Zurich walieleza habari za wagonjwa wawili waliopandikizwa moyo, ambao miili yao ilianza kuukataa moyo ule kwa sababu dawa ya kuzuia hilo ilikuwa imepungua kwenye damu. Walikuwa wanakunywa haiperikamu.

Hii ya pili ndiyo inayonitisha zaidi, maana haipigi kelele. Mtu haanguki, hatapiki. Anameza vidonge vyake kila saa mbili usiku bila kukosa, na virusi vinajifunza usugu taratibu.

Mama mdogo wangu ana presha na kisukari. Siku moja nilimsindikiza kliniki, nesi akamuuliza bila kuinua macho, "Hutumii miti shamba, eti?" Swali lilikuwa na sauti ya polisi. "Situmii, mwanangu." Chupa ilikuwa mkobani, nimeishika mimi. Kwa kweli sikumlaumu. Ukiuliza hivyo unamfundisha mtu kudanganya, halafu dozi inaongezwa au kupunguzwa kwa kufuata uongo ule.

Wala si kwamba kila jani ni balaa. Mlonge, kwenye majaribio ya maabara, ulionekana kuzuia vimeng'enya. Zimbabwe wakaenda mbele zaidi. Waliwapa unga wa majani yake watu wenye VVU waliokuwa wakitumia nevirapini, wakapima damu, na kiwango cha dawa hakikubadilika kwa kiasi cha kutia wasiwasi. Kumbe inawezekana kujua, ila lazima mtu apime, na ili apime lazima ajue anapima mmea gani.

Safari iliyofuata tulimkuta daktari kijana. Alimwamkia, akamwuliza, "Mama, nyumbani unakunywa nini kingine?" Mama mdogo akanitazama, akaitoa chupa, akaiweka mezani. Daktari akaifungua, akainusa.

"Imo mizizi gani?"

Hakuna aliyejua. Jioni nilimpigia simu muuzaji. Akanijibu kwa upole kabisa kwamba imo saba. Nilipomuuliza ni ipi na ipi, akacheka. "Hiyo mdogo wangu ni siri ya ukoo. Ila usiogope, haina kemikali."