Betri ya Volti 12 Haina Volti 12

Kazi ya habari imenifundisha kutoamini maandishi ya juu ya boksi. Ndiyo maana mdogo wangu alipotaka kuunga kibao chake cha Arduino Uno kwenye betri ya sola ya mama, kule Morogoro, ili kipime maji ya tenki, nilimwambia, "Subiri, tupime kwanza." Betri imeandikwa volti 12. Mchana ule, jua likiichaji, mita ilisoma 14.2.

Tundu la umeme la Uno linashauriwa kupewa volti 7 hadi 12. Chenyewe kinatumia 5. Zinazozidi zinageuka joto. Na ukiunga betri moja kwa moja kwenye pini ya 5V, umeikwepa kabisa sehemu inayopunguza umeme. Kibao kwisha habari yake.

"Sasa tufanyeje, kaka?"

Tukachukua chaja ya simu ya kwenye gari: inapokea umeme wa betri, inatoa volti 5 kwa waya wa USB. Tukaipima nayo kabla ya kuchomeka. Kisha tukaweka fyuzi kwenye waya wa chanya, karibu na betri. Betri kama ile ikipiga shoti, waya unaweza kuwaka moto, na mama analala chumba cha pili.