Bahari ya Magamba

Shaaban Robert alipoandika Kusadikika, kitabu kilichotoka mwaka 1951, aliiweka nchi yake angani, akawaachia wasomaji kazi ya kuisadiki. Mimi huisadiki kwa wepesi, kwa kuwa katika Magamba nimeona bahari mahali pasipostahili bahari.

Alfajiri za baridi ukungu huyajaza mabonde ya Usambara hata vilele vikawa visiwa. Una ghuba na rasi. Hujaa na kupwa pasipo sauti, wala hapana chombo kiwezacho kuelea juu yake. Mtu wa pwani (nao ni mabingwa wa kudharau maji ya bara) akiutazama kitambo hunyamaza.

Walakini ajabu hii ina asili yake. Pepo za Bahari ya Hindi huleta mvuke. Milima huupandisha, ukapoa, ukawa wingu. Msitu wa Magamba, wenye kilele cha mita 2,230 hivi, hulinasa wingu hilo kwa majani, magome na kuvumwani, likawa maji yadondokayo tone kwa tone hata siku isiyo na mvua. Ardhi huyanywa, vijito huyapokea, na kwa mito ya Pangani na Umba maji ya Usambara hurejea baharini yalikotoka.

Mkulo, mti wa milima hii upendwao kwa mbao, uliangushwa kwa wingi zamani. Palipobaki uwazi ukungu haukukoma kuja. Hupita juu ya kilima kitupu kama jahazi lililokosa bandari, na shehena yake ingali ndani.