Mfuko Mtupu

Kabla ya kuwa Waziri Mkuu, Rashidi Mfaume Kawawa alikuwa mwigizaji wa sinema. Nilipolisema hilo kijiweni kwetu, hapa Mikumi malori ya Zambia yanapopumzika, washikaji walinicheka. “Acha kutuzuga! Simba wa Vita na vichekesho wapi na wapi?”

Sikuwa nazuga. Habari hii niliipata kwa babu. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 alikuwa mtoto Kimamba, huko Kilosa, baba yake akikata mkonge. Usiku mmoja likaja gari la sinema. Ikatundikwa shuka nyeupe, jenereta ikawashwa, wakaonyeshwa Muhogo Mchungu. Babu alichelewa, akapata nafasi nyuma kabisa, ubavuni mwa jenereta. Hakusikia hata neno moja. Lakini alicheka mpaka machozi.

“Ukitaka kumjua mchekeshaji,” alizoea kuniambia, “mzibe sauti.” Kisha huinuka, akaigiza yule mshamba aliyeingia Dar es Salaam na fedha zake, anavyopapasa mfuko na kuukuta mtupu. Hasemi kitu. Anapapasa mara ya kwanza, mara ya pili, halafu anatazama miguu yake, labda zimedondokea huko.

Charlie Chaplin alianza sinema mwaka 1914, akajulikana dunia nzima kwa kazi hiyo hiyo ya mwili usiosema. Kawawa wetu, mzaliwa wa Songea mwaka 1926, aliyesoma Tabora, alikutana na kamera akiwa mtumishi wa serikali ya kikoloni. Alicheza pia Chalo Amerudi. Mwaka 1955 akawa Katibu Mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, TFL, na Januari 1962 akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Siasa ikammeza mwigizaji mzima mzima. Alipofariki, tarehe 31 Desemba 2009, nilikuwa mtoto. Nakumbuka babu alizima redio, akatoka barazani, akapapasa mfuko. Siku hiyo hakuna aliyecheka.

Sasa nije kwangu. Nimemaliza kidato cha nne na nina madaftari matatu: riwaya ya utingo wa lori anayeogopa tembo, na njia yake inakatiza katikati ya mbuga. Mama anataka niandike barua ya kuomba kazi hotelini. Anasema vichekesho havinunui unga. Hajakosea. Nami, kwa kutaka nionekane mwandishi mzito, nikachana kurasa arobaini za kuchekesha, nikamfanya utingo wangu mtu wa kuhuzunika na kuhutubia.

Babu alikuwa mgonjwa nilipomsomea hiyo mpya. Akasikiliza mpaka mwisho, macho yamefumba. Nikadhani amelala.

“Mjukuu wangu,” akasema, “huyu bwana anasema sana. Mfuko wake uko wapi?”

Tulimzika wiki tatu baadaye. Pale nyumbani hakuna mwingine aliyewahi kuiona sinema ile. Mimi mwenyewe sijaiona. Ninachokijua ni mikono ya babu tu.

Barua ya hoteli nimeiandika, Jumatatu naipeleka. Lakini usiku nawasha kibatari, nafungua daftari la nne. Utingo wangu ameshuka kwenye lori, tembo yuko mbele yake, naye amenyamaza. Anatafuta kitu mfukoni.