Safari ya Visiwa Vilivyowekwa Rehani

Aberdeen, Uskoti
Mwisho wa Mei

Kwako Ami yangu mpenzi,

Sisi huku hatujambo, mimi na mke wangu na wanangu wawili, wala hatuna la kushitakia ila baridi, nayo tumekwisha kuizoea kama vile mtu anavyomzoea jirani mwenye maneno mengi. Waraka huu, kama nyaraka zangu zilizotangulia, utapita kwanza mikononi mwa mhariri wa gazeti, na yumkini vijana watausoma barazani hapo Mkokotoni kabla hujaushika mwenyewe. Nakuomba radhi mapema, maana najua hupendi kusikia habari za nyumbani kwako kwa vinywa vya watu.

Habari yenyewe ni hii. Mwezi ujao, inshallah, tutafunga safari ya siku saba kwenda visiwa vya Shetland, vilivyo mbali upande wa kaskazini wa Uskoti, katika digrii ya 60, pale Bahari ya Kaskazini inapokutana na Atlantiki. Na safari hiyo si ya biashara, wala ya harusi, wala ya kuhani msiba, bali tunakwenda kutazama ndege.

Nakuona unavyotikisa kichwa. Mtu aliyezaliwa katika nchi yenye Serengeti na Ngorongoro, nchi ambayo watu wa huku hujinyima miaka ili wapate nauli ya kuifikia, naye katika umri wake wote hajapata kumwona simba ila yule aliyechapwa katika noti ya shilingi elfu mbili, leo anatoa fedha zake kwenda kumwangalia kiumbe ambaye urefu wake haukutimia shibiri mbili. Lakini kumbuka, Ami, kwamba wewe ndiwe uliyenifunza kutazama ndege, ingawa hukuniambia kuwa ni elimu. Ulikuwa ukikaa kwenye usukani tukivuka kwenda Tumbatu, ukiwaona shakwe wamekusanyika mahali pamoja wakijitosa na kuibuka, ukasema pale chini pana dagaa, na penye dagaa hapakosi jodari. Na sikumbuki hata mara moja ambayo ndege walikudanganya.

Aliyetutia katika shauri hili ni jirani yetu, mwalimu mstaafu wa Kiskoti, mzee wa makamo yako, ambaye tangu mwezi wa Januari, theluji ikiwa bado mlangoni, alikuja akatandaza ramani juu ya meza ya jikoni akaanza kutuuliza tutakuwa wapi siku ya tatu saa ya kupwa maji. Nilimcheka kimoyomoyo. Kwetu mtu husema atasafiri, akasafiri; huku safari ya siku saba hupangwa kwa miezi sita, na kupanga kwenyewe kumekuwa ni starehe, nami nilidhani kwamba huo ni ugonjwa wa watu wenye kalenda nyingi kuliko shughuli. Ila kadiri alivyozidi kueleza ndivyo nilivyozidi kukusikia wewe ukihesabu miongo tangu Nairuzi, ukisema mwongo huu kusi haijatulia na mwongo ule usiondoe chombo, kwani ndege wa huko nao wana musimu wao: yule mnene mwenye mdomo wa rangi, ambaye wenyeji humwita *tammie norrie*, hupanda nchi kavu mwezi wa Aprili kuja kutaga yai lake moja shimoni, na ikifika mwanzo wa Agosti amekwisha kurudi baharini na genge limebaki tupu, kama vile bandari zetu zilivyokuwa zikibaki tupu majahazi ya Arabuni yakishapata upepo wa kurejea kwao.

Basi tumechagua Juni. Na katika Juni tumechagua juma la kuandama kwa Muharamu, kwa sababu ambayo itakupendeza.

Kipo kisiwa kidogo kiitwacho Mousa, na juu yake pana mnara wa mawe makavu, usiotiwa chokaa wala udongo, urefu wake mita 13, uliojengwa zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita na watu ambao hawakuacha andiko hata moja la kutueleza walimwogopa nani. Mnara huo leo hauna mtu, lakini katika nyufa za mawe yake, na katika kuta na vifusi vya kisiwa kizima, huatamia zaidi ya jozi 10,000 za ndege weusi wadogo kama shorewanda, ambao mchana mmoja wa wawili hukaa kimya juu ya yai na mwenziwe yuko mbali baharini, na usiku ndipo wanapopokezana zamu. Hawathubutu kuja mchana kwa kuwaogopa ndege wakubwa wanaowala. Hata mbalamwezi huwatia hofu, na usiku wa mwezi mpevu huja wachache. Jirani yangu alikuwa akipekua majedwali yake kutafuta usiku wa giza, nami nikamwonyesha kalenda ya msikiti iliyotundikwa ukutani nyuma ya kichwa chake, akaitazama kwa muda mrefu, akauliza kama anaweza kupata moja kama ile. Mashua ya Mousa huondoka yapata saa nne na nusu za usiku. Anasema mtu akitega sikio kwenye mawe husikia ukuta unakoroma, na katikati ya mkoromo kuna kama kwikwi. Tena ndege hao, wasiozidi uzito wa barua hii na bahasha yake, siku za baridi hushuka mpaka bahari ya kusini mwa Afrika, na mwaka unaofuata hurudi kwenye mnara ule ule.

Hapa limezuka suala ambalo kwa mwalimu si suala, na kwangu ndilo kubwa. Sisi saa zetu tunazihesabu tangu kuchomoza jua. Sasa nikuambieje, Ami, kwamba mjini Lerwick mwezi wa Juni jua huchomoza saa tisa na nusu na ushei za usiku, likatua saa nne na nusu za usiku unaofuata? Hesabu yote ya mababu inavunjika mkononi. Na hata likishatua, wekundu wa magharibi hauondoki, bali husogea polepole upande wa kaskazini mpaka ukawa ndio wekundu wa alfajiri; wenyeji wana jina lake, *simmer dim*, na huusifu sana, lakini mtu anayengojea shafaki ipotee ndipo aswali isha atangoja mpaka Agosti. Mashekhe wamelizungumza jambo hili tangu zamani nao wametofautiana: wako wanaopima wakati kwa mji ulio karibu ambao giza lake hutimia, na wako wanaoruhusu kukusanya magharibi na isha pamoja. Nami nilimkumbuka Ibn Battuta, aliyefika Kilwa mwaka 1331, ambaye miaka michache baadaye anasimulia kuwa alikuwa Bulghar, kando ya mto Volga, katika Ramadhani, na kwamba waliswali magharibi, wakafuturu, wakaadhiniwa isha wangali wanakula, na walipomaliza tarawehe alfajiri ikawa imewaingilia. Wako wanazuoni wanaotilia shaka kama alifika huko kweli. Mimi sina haja ya kuamua. Aliyeisimulia habari ile, awe yeye au mwingine, alikwisha kukesha katika usiku wa namna hii.

Visiwa vyenyewe ni kiasi cha mia moja, na vinavyokaliwa na watu ni 16. Havina miti ila michache iliyopandwa kwa jitihada. Vina upepo, kondoo, na farasi wafupi ambao binti yangu amekwisha kuwapa majina. Navyo vina hadithi ambayo naisimulia kila ninapopata msikilizaji: vilikuwa milki ya Norwei na Denmaki, na mfalme Christian wa Kwanza alipomwoza binti yake Margaret kwa James wa Tatu wa Uskoti, kwa kuwa desturi yao ni baba wa bi arusi ndiye mwenye kutoa mali, naye hazina yake ilikuwa tupu, aliviweka kwanza rehani visiwa vya Orkney, na mwaka 1469, bado akidaiwa sarafu 8,000 za dhahabu, akaviweka rehani na hivi vya Shetland. Deni halikulipwa, rehani haikukombolewa, na bi arusi ndiye amebaki kuwa sababu ya watu wale kuitwa Waskoti, japokuwa majina ya ndege zao na ya ghuba zao bado ni ya Kinorwei cha kale.

Marikebu huondoka hapa Aberdeen saa moja ya usiku, jua likiwa bado juu, ikafunga gati Lerwick saa moja na nusu asubuhi. Pana kulala kitini na pana kulala chumbani; mimi niliona kitini kunatosha, mke wangu akaona chumbani, nasi tutalala chumbani. Linalonitia wasiwasi ni mkondo ulioko kwenye rasi ya kusini, uitwao Sumburgh Roost, ambapo bahari mbili hugombana, na mtoto wa ndugu wa nahodha akitapika mbele ya Waskoti habari hizo zitafika Mkokotoni, usiniulize kwa njia gani.

Siku mbili za kwanza tutakuwa kwenye rasi hiyo, palipo na mnara wa taa uliojengwa na Robert Stevenson mwaka 1821, na chini ya mnara, kwenye majani ya ukingo wa genge, ndipo wanapokaa akina *tammie norrie*, ambao inasemekana hawamwogopi mtu, bali humtazama kama mwenye nyumba anavyomtazama aliyekosea mlango. Usiku tutalala katika nyumba iitwayo *böd*, neno nililotafuta sana tafsiri yake mpaka jirani aliponieleza kuwa zamani zilikuwa nyumba za mawe ambamo wavuvi walikaa musimu wa uvuvi pamoja na nyavu zao, kisha wakarudi makwao. Nikamwambia sisi huita dago. Akaliandika pembeni mwa ramani yake.

Kutoka hapo tutapanda kaskazini, kwa vivuko viwili, kupitia kisiwa cha Yell mpaka Unst, cha mwisho chenye watu, na mwisho wa Unst ni genge la Hermaness. Njia ya kulifikia hukatiza makao ya ndege mkubwa wa rangi ya kahawia, *bonxie*, ambaye akiwa na makinda humshukia mpita njia kichwani bila ya kumwuliza nasaba yake. Dawa, asema mwalimu, ni kuinua fimbo juu ya kichwa, kwani hupiga kilicho juu kabisa. Ile bakora uliyonipa siku nilipoondoka, ambayo miaka yote hii imesimama nyuma ya mlango bila kazi, imepata kazi. Lakini mwalimu aliongeza, na sauti yake ilibadilika, kwamba huenda nisiihitaji: mafua ya ndege ya mwaka 2021 na 2022 yaliwafyeka *bonxie* hao, na Uskoti ndiko waliko wengi wao kuliko nchi yoyote duniani, hata walipohesabiwa tena, sehemu nyingi zilikutwa kimya. Yeye aliwahi kupita pale akilaani kelele zao.

Na wale wa mdomo wa rangi nao wamepungua, kwa sababu ambayo wewe ungeitambua mara moja. Chakula chao ni visamaki vyembamba vya fedha vinavyojifukia mchangani, ambavyo ndege huvipanga mdomoni kwa safu akavipeleka shimoni kwa kinda wake. Bahari imeingia joto na visamaki vimeadimika, na kwa miaka mingi meli za kigeni zilivizoa kwa wingi kuvifanya unga wa chakula cha mifugo na mafuta. Mwaka 2024 serikali ilipiga marufuku kuvivua katika maji yote ya Uskoti. Mjadala ulikuwa mkubwa, wataalamu wakaandika mengi. Nami nilisoma yote nikiona sura yako kwenye usukani: penye dagaa pana ndege.

Iliyobaki tutaiachia bahati. Pana fisi maji ufukweni, ambao ingawa huvua baharini hawana budi kutafuta kidimbwi cha maji matamu kujisuza chumvi, kama ulivyokuwa ukitulazimisha sisi kabla hatujaingia ndani. Pana kisiwa cha Fetlar, na ndege mmoja wa huko aliyefungwa chombo kidogo cha kumfuatilia mwaka 2012 akaonekana amekwenda kukaa baridi yake katika bahari ya Pasifiki, upande wa Peru na Ekwado, njia ambayo hakuna aliyeidhania. Na pana sululu, Ami, sululu wale wale wa mdomo uliopinda wanaotembea tope la Mkokotoni maji yakipwa. Nilifurahi kupita kiasi, nikamwambia mwalimu kuwa hao ni wetu, nitawasalimu kwa Kiswahili. Akanijibu kwa upole kuwa wa Shetland huenda Afrika ya Magharibi, na wale wa pwani yetu hutoka Urusi. Nilinuna mpaka chai ikapoa.

Sanduku limekwisha kufungwa na kufunguliwa mara tatu. Utakapojibu, nieleze sululu wa hapo walikwisha kuondoka mwongo gani mwaka huu, kwa hesabu yako. Mwalimu ana daftari lake, na nafasi ya Mkokotoni ameiacha wazi.

Mwana wa nduguyo