Nchi Isiyo na Sheria



Sisi tuliozaliwa kati ya Goma na Sake, juu ya mawe meusi yaliyotapikwa na volkano za Nyiragongo na Nyamulagira, tulilelewa jirani na nchi ya ajabu. Haikuandikwa katika ramani yo yote. Wazee waliiita mazuku, yaani upepo mbaya. Nasi watoto, tulipoota moto jioni, tuliiwekea mipaka na kuipa desturi zake.

Katika nchi ile, tulisema, mambo yote ya dunia hugeuka. Moto hukataa kuwaka, hata kuni zikiwa kavu. Ndege hushuka kutafuta wadudu, asiruke tena. Mbuzi hulala bila jeraha wala ugonjwa, asiamke. Mbwa hufa, na ng'ombe aliyefuatana naye hupita salama. Tena nchi ile haina haki: leo humpokea mtu na kumrudisha, kesho humwua ndugu yake mahali pale pale. Kwa hiyo tuliamini ya kuwa sheria za dunia hukoma kwenye ukingo wa bonde, na ya kuwa ndani yake yumo bwana mwingine, anayemchagua amtakaye.

Adhuhuri moja, jua likiwaka na upepo ukivuma kutoka ziwani, tulishindana ushujaa karibu na bonde moja la namna ile. Mwenzetu mmoja, ambaye jina lake tunaliacha kwa heshima ya jamaa yake, alishuka hata chini kabisa, akachuma majani, akapanda akicheka. Tulimshangilia, tukamwambia: «Wewe umependwa na mazuku, hayatakudhuru kamwe.» Yeye aliamini, nasi tuliamini pamoja naye.

Siku chache baadaye mbuzi wa baba yake alikata kamba usiku. Asubuhi mapema, kabla jua halijatokea, kijana alimwona mbuzi yule amelala katika bonde lile lile. Akashuka kumchukua, akaanguka kando yake. Mjomba wake alitaka kumfuata, lakini watu walimshika kwa nguvu, na hivyo wakamwokoa. Jua lilipopanda na upepo kuanza kuvuma, ndipo walipoweza kumtoa marehemu. Sisi tulisimama ukingoni tumenyamaza. Hakuna hata mmoja wetu aliyethubutu kuwaambia wazazi wake maneno tuliyomwambia.

Matanga yalipokwisha, mwalimu wetu alileta darasani jagi, bikarbonati na maji ya ndimu. Alivichanganya ndani ya jagi; povu likapanda, kisha likatulia. Akawasha mshumaa mezani, akaliinamisha jagi juu yake polepole, bila kumwaga hata tone moja la maji. Hatukuona kitu kikitoka. Mshumaa ukazimika.

«Hiyo ndiyo nchi yenu,» akasema.

Akatufafanulia. Hewa ile ni hewa ukaa, ambayo wataalamu huiita kaboni dioksidi. Sisi sote huitoa tunapopumua, na katika hewa ya kawaida imo kidogo sana, kama sehemu 4 katika 10,000. Lakini kwetu hupanda kutoka ardhini kwa njia ya nyufa. Haina rangi, wala mtu haisikii harufu yake. Nayo ni nzito kama mara moja na nusu kuliko hewa ya kawaida, kwa hiyo hukaa mabondeni kama maji katika bakuli. Ikifika sehemu 10 katika 100, mtu huzimia upesi, na asipotolewa hufa. Usiku na alfajiri, pasipo upepo, bonde hujaa. Mchana jua na upepo huitawanya. Mbwa na mtoto mdogo huzama ndani yake, na ng'ombe hupita kwa sababu pua yake iko juu.

Basi hapakuwa na bwana mwenye kuchagua. Mwenzetu hakupendwa adhuhuri, wala hakuchukiwa alfajiri.

Wala si sisi tu tuliodanganyika. Katika mji wa kale wa Hierapolis, huko Uturuki, palikuwa na pango lililoitwa mlango wa kuzimu. Strabo, msafiri aliyeandika habari zake miaka 2,000 hivi iliyopita, alitupa ndani shomoro, nao wakafa mara moja. Mafahali walioingizwa walikufa, lakini makuhani walitoka wazima, na watu wakastaajabia uwezo wao. Mwaka 2018 wataalamu walieleza kwamba hewa inayotoka pale ni hewa ukaa hiyo hiyo, na kwamba hujaa zaidi alfajiri.

Ndugu zetu, nchi isiyo na sheria haipo. Sheria iliyomwua rafiki yetu ni ile ile iliyomwacha apite. Sisi ndio tuliomfundisha kwamba imevunjika.

Kwa hiyo, ninyi mlio wageni katika sehemu zetu, waulizeni wenyeji mabonde yao kabla ya kuchagua mahali pa kujenga, pa kulala au pa kuchunga. Mkiona wanyama wamelala wafu bila jeraha, rudini nyuma. Na mtu akianguka humo, msimfuate, hata akiwa mtoto wenu, kwani wengi wamekufa wakienda kuokoa. Iteni wenye vyombo vya kupumulia.

Miaka mingi ilipita kabla hatujamwendea mama yake marehemu kumwungamia neno letu. Alitusikiliza mpaka mwisho, akakaa kimya kitambo kirefu. Kisha akauliza: «Na watoto wenu, mmekwisha waambia?»