Daftari la fundi chokaa, masika

Jumanne, 6 Mei
Mvua tangu alfajiri. Nyumba iko Mkunazini, ghorofa mbili, kichochoro chembamba hata vespa ikipita mtu ajibane ukutani. Warithi ni wawili, kaka na dada. Mama yao kafariki mwaka jana. Kaka keshapata mnunuzi anayetaka kuifanya nyumba ya wageni, na sharti la mnunuzi ni kuta nyeupe, zisizo na "mambo". Kwa hiyo nimeitwa nitoe alama.

Nimezunguka na tochi ya simu. Wakati wake ndio huu: ukuta ukishakunywa maji ya masika, yaliyomo hutoka. Hasira hutoka rangi ya kutu. Huzuni, nili. Furaha ni manjano, nayo haimalizi mwaka. Khofu haina rangi; lipu hubanduka tu, magamba magamba. Chumba cha mbele hakina la ajabu: kutu kidogo mlangoni, na nyumba gani isiyokuwa nayo? Chumba cha nyuma ghorofani ndicho chenye kazi.

Alhamisi, 8 Mei
Kaka anataka saruji. Kanitajia Beit al-Ajaib: "Nyumba ya Sultani Barghash, ya 1883, iliporomoka 2020 watu wanaitazama. Hii yetu itakuwaje?"

Nikamwambia, ndugu yangu, ukuta huu ni mawe ya matumbawe, udongo na chokaa. Unavuta maji na unayatoa. Ukiuziba kwa saruji maji hayana pa kutokea. Yatapanda juu, chokaa ya ndani italegea, boriti zitaoza vichwa. Na alama zitapanda pamoja na maji. Niliwahi kuitwa Malindi, nyumba iliyopigwa saruji miaka ya themanini. Ugomvi wa mle ndani ulitokea chumbani kwa jirani, juu ya kitanda cha maharusi wapya. Wakapelekana kwa sheha. Sheha wa watu atahukumu nini hapo?

Hakunisikia. Kakaa Muscat zaidi ya nusu ya umri wake, karudi na haraka za tiketi ya ndege.

Jumamosi, 10 Mei
Leo nimekwangua. Wenye nyumba wa zamani walikuwa wakipaka chokaa kila mwaka kabla ya Idi, kwa hivyo ukuta mkongwe unasomeka ganda kwa ganda kama una subira na mkono mwepesi. Nimefungua kidirisha cha ukubwa wa kiganja kwa ncha ya mwiko. Nyeupe tupu za miaka ya karibuni, nyingi. Kisha kutu. Nyeupe, kutu. Nyeupe, kutu nzito zaidi. Kila mwaka palepale, futi tano na nusu kutoka sakafuni: mdomo wa mtu mrefu, kasimama mahali pamoja, kaielekea kona.

Nikageukia kona. Lipu haishiki. Nimeigusa kwa kidole ikamwagika mkononi, kavu, ilhali nje mvua inapiga mabati. Hakuna ukuta mkavu katika masika ila kwa sababu moja, na fundi yeyote wa Mji Mkongwe anaijua.

Kutoka kwenye kona hiyo, hatua chache, usawa wa mtu aliyekaa kitako, nikaona alama nyengine. Pana mabegani, nyembamba shingoni, kichwa kimeegemea nyuma. Mtu kakaa hapo siku nyingi, miguu kainyoosha. Nikafungua. Manjano. Manjano iliyokoza, chini ya maganda matatu ya chokaa yaliyopakwa mfululizo, hata vumbi halikupata nafasi ya kutua katikati. Mara tatu kwa mpigo! Chokaa haikuwa rahisi kiasi hicho hata zamani.

Jumapili, 11 Mei
Wamekuja wote wawili. Dada kasimama mbele ya ile manjano, kaitazama, akasema, "Hapo ndipo mama alipokalia eda ya baba."

Miezi minne na siku kumi.

Kaka akasema haiwezekani, hiyo ni nili imechakaa ikageuka. Nikamjibu nili haigeuki. Akasema basi itakuwa ya mtu mwengine, mpangaji labda. Dada akamgeukia: "Kaka, wewe ulikuwa Muscat."

Basi, hakuongeza. Angeweza kuongeza, kona ilikuwa nyuma yake. Kaka kaiangalia kona, kaiangalia kutu, akashuka ngazi bila kuaga. Imenipendeza kwamba dada hakumfuata kwa maneno. Watu wengi wangemfuata.

Jumatano, 14 Mei
Nimevuka Ng'ambo kumwona maalim wangu aliyenifundisha kazi. Macho yameshampotea, masikio mazima.

"Shikamoo, maalim."

"Marahaba, mwanangu. Unanuka chokaa mbichi. Nani kakuuzia?"

Nikamweleza ile nyumba. Nilipofika kwenye maganda matatu akacheka mpaka akakohoa. "Nilipaka mie. Aliniita katoka eda jana yake, keshakoga, kajifukiza udi. Akasema, fundi, mara tatu. Nikamwambia, bibie, moja inatosha, manjano haidumu. Akasema, hii itadumu."

"Na hukuuliza?"

"Niulize nini, na kona naiona?"

Alilipwa mikono mitatu na hajamwambia mtu mpaka leo. Watu husema mafundi chokaa wana ulimi mzito kwa sababu ya vumbi.

Jumatatu, 19 Mei
Kaka kapiga simu. Anataka saruji chumba kile kimoja tu, atalipa mara mbili. Dada kaja mwenyewe, anataka kinyume: niiache manjano wazi, aitilie kioo, binti zake waione. Kaka anasema yeye ana mafungu mawili na dada fungu moja, kwa hiyo neno la ukuta ni lake. Nimemwambia kadhi hugawa nyumba. Ile manjano haimo kwenye nyumba.

Nimewakatalia wote. Saruji siipigi, na Mamlaka ya Mji Mkongwe wakiiona watatufungia kazi. Kioo nacho sikitii. Katika mambo yote ya chumba kile, neno moja tu la mwenyewe tunalo, nalo ni kwamba ifunikwe. Dada kanuna. Amesema nimekuwa upande wa kaka yake, jambo ambalo kaka yake hajaliona.

Alhamisi, 22 Mei
Kona nimeibandua yote mpaka kwenye jiwe, nikapiga lipu mpya, chokaa iliyolala shimoni miezi. Inashika. Ile manjano nimeipaka mkono wa kwanza na wa pili. Wa tatu kesho mvua ikikatika. Kaka kalipa nusu, dada atalipa yake mwisho wa mwezi. Mifuko ya saruji iko ukumbini mpaka leo, inapigwa na unyevu. Nimewaambia wairudishe dukani kabla haijaganda.