Kicheko cha Kibandani

Watazamaji wengi wa Ruiru hawakuvijua vyama vya udugu vya vyuo vya Marekani kwa kusoma. Walivijulia kwenye mabenchi ya vibanda vya video. Mmoja wao alikuwa kijana mwembamba, mvaa miwani, aliyesoma katika shule moja ya bweni mjini Thika. Huko shuleni wachezaji wa raga walipakuliwa nyama maradufu, naye akabebeshwa viatu vyao vyenye matope. Likizo ilipofika, alitoa sarafu yake ya shilingi kumi akatazama *Revenge of the Nerds*, komedi ya mwaka 1984.

Ilikuwa kana kwamba imetungwa kwa ajili yake. Wanamichezo wa Chuo cha Adams wanaiunguza nyumba yao kwa upuzi wao wenyewe, kisha wanatwaa bweni la wanafunzi wa mwaka wa kwanza, nao wageni hao wanasukumwa wakalale katika ukumbi wa michezo. Hakuna chama kinachowapokea ila Lambda Lambda Lambda, chama cha Wamarekani weusi. Mwishoni wanachama hao wanakuja kusimama baina ya wanyonge na watesi wao, na hapo kibanda kizima kilishangilia.

Miaka kadhaa baadaye, akiwa Chuo Kikuu cha Kenyatta, aliitazama tena na wenzake kwenye kompyuta. Mwanafunzi mmoja wa kike akauliza, "Na huyu Betty, kisasi hiki kinamhusu nini?"

Ama kwa hakika swali lilikuwa zito. Wanyonge hao wanaficha kamera katika nyumba ya wasichana. Wanauza pai zenye picha ya Betty akiwa uchi chini yake. Naye Lewis, staringi mwenyewe, anavaa kinyago na kulala naye huku Betty akimdhania kuwa ni mpenzi wake mwanamichezo. Betty anafanywa afurahi, na jambo linakwisha. Nchini Kenya, kifungu cha 43 cha Sheria ya Makosa ya Kingono ya mwaka 2006 kinautaja udanganyifu wa aina hiyo hasa: mtu kuaminishwa kwamba yuko na fulani, kumbe ni mwingine. Sungura wa ngano, angalau, aghalabu humlaghai simba mwenyewe.

Kijana hakujibu. Alikumbuka jinsi alivyocheka papo hapo kule Ruiru, akalipiga benchi kwa kiganja, na jinsi kibanda kizima kilivyocheka pamoja naye. Humo hamkuwa na msichana hata mmoja.